Mrushaji Aliyepanga Kwangu Kibuli

Mwaka 1979, nikiwa na miaka kumi na mitatu, shida iliingia nyumbani kwetu Kibuli. Baba alikuwa askari, sisi ni Wanubi, kabila lililohesabiwa upande wa serikali ya wakati ule, na serikali hiyo ilipoanguka mtaa mzima ulikumbuka ghafla kuwa sisi ni nani. Baba hakurudi. Nyumba ilichukuliwa na watu waliokuwa wakija kwetu kuomba chumvi. Nilikuwa darasa la tano, na mpaka leo niko darasa la tano. Nilikwenda Old Kampala kwa fundi mmoja wa makochi, Mkenya, akanipa kazi ya kung'oa nyuzi kwenye viti vilivyochakaa. Miaka miwili nilikuwa wa kung'oa tu. Mwaka wa tatu akanipa sindano.

Nayasema haya mwanzoni ili anayesoma ajue anaongea na nani. Sikusomeshwa, sikurithi, na sisifu watu ovyo. Wapo wakubwa wa Nakasero niliowashonea viti vya magari yao, nikawapa risiti, nikawasahau kabla hawajafika kwenye taa za barabarani. Huyu nitakayemweleza sijamsahau.

Tulimwita Mrushaji. Alipanga chumba changu cha nyuma miaka saba. Alitoka Venezuela, na kazi yake tangu ujana ilikuwa besiboli, ule mchezo ambao mtu mmoja anasimama juu ya kichuguu cha udongo na kurusha mpira mdogo mgumu, na mwingine anasimama hatua kama ishirini mbele yake na gongo mkononi, akijaribu kuupiga. Ni hivyo tu. Mimi nilipoelezwa mara ya kwanza niliuliza, "Na watu wanalipwa kwa hilo?" Akasema, "Haji, mimi nimelipwa nchi sita."

Alikuja Afrika kufundisha. Alianza Nairobi mwaka mmoja, huko ndiko alikookota Kiswahili chake, kisha mradi uliomleta ukahamia Kampala, kisha mradi ukafa na yeye akabaki. Alifundisha watoto wa shule na vijana wakubwa waliokuwa na timu zao za Jumapili. Lakini ukimuuliza kazi yake hasemi kufundisha. Alisema anarusha. Alitaka jambo moja tu katika dunia hii, na kila aliyekunywa naye chai alilijua: arudi kwao, kwenye timu ya mji wake, arushe msimu mmoja wa mwisho, ndipo ashuke kwenye kile kichuguu kwa miguu yake mwenyewe. Kila mwaka msimu wa kwao ulipokaribia aliwaandikia. Kila mwaka walimjibu kwa adabu, "Mwakani."

Sasa mkono wake. Mkono wa kulia wa mtu huyu ulikuwa mpangaji wa pili. Haukubeba ndoo, haukufungua chupa, haukushika mwamvuli. Alipopanda boda aliuficha ndani ya shati kama mtu aliyevunjika. Usiku aliufunga na leso ya Hajati, mke wangu, ili baridi ya alfajiri isiuguse. Kijana mmoja wa boda wa stendi yetu aliniuliza, "Haji, huyu mzungu yako iko na shida gani ya mkono?" Nikamwambia hana shida, mkono ndio shamba lake. Na si mzungu pia, ni mweusi kuliko wewe usipooga.

Taabu ikaja kwenye salamu. Huu ni mlima wa msikiti. Hapa mzee hapewi mkono wa kushoto, hata kama wa kulia umekatika. Wiki yake ya kwanza Mrushaji alimkuta sheikh wetu mlangoni kwangu, akatabasamu meno yote, akampa kushoto. Sheikh aliuangalia mkono ule kama aliyeletewa bili ya mtu mwingine. Nilimvuta Mrushaji pembeni.

"Wewe, umekosa adabu."

"Haji, huyo mzee anabana sana. Nimeona vile amesalimia wewe. Hii ingine ni ya kazi."

"Sheikh hana haja na kazi yako."

"Basi mimi nafanya nini? Nampa mguu?"

Tulishauriana kama watu wanaonunua ng'ombe. Tukakubaliana: kulia kifuani, kichwa kinainama kidogo, hakuna kugusana. Ilionekana heshima kubwa. Baada ya mwezi wazee wakawa wanasema huyu Mvenezuela ana tabia kuliko watoto wetu, na watoto wetu wakaanza kusalimia hivyo hivyo wakikwepa kutumwa dukani, wakidai mikono yao ni ya kazi.

Alikuwa Mkatoliki, medali ya mtakatifu wake ilining'inia shingoni usiku na mchana. Hilo halikumzuia kuwa wa kwanza kwenye mkeka wangu wakati wa kufuturu. Mwaka wa pili alitangaza kwamba atafunga na sisi mwezi mzima, kwa sababu njaa inafanya mwili mwepesi. Siku ya kumi na moja nilimkuta nyuma ya karakana yangu, mdomo umejaa rolex, ile chapati ya kuviringia mayai, yai limemganda kidevuni.

"Haji," akasema, "leo mwili umekuwa mwepesi mpaka nimeogopa upepo."

Chakula cha kwao alikipika mwenyewe kwa unga wa mahindi tunaosongea posho, yaani ugali: anaukanda kwa maji ya chumvi, anaufanya vidonge bapa, anavichoma kwenye kikaango, anavipasua tumbo na kuvijaza maharage. Hajati alikionja akasema, "Hii ni posho iliyopotea njia." Akaomba cha pili. Leo hii anavipika mwenyewe na kuwaambia wageni ni chakula cha Kinubi cha zamani.

Alikuwa na kanuni moja aliyoitumia kwa kila kitu: usiangalie gongo, angalia magoti. Anayetaka kupiga kwa nguvu, alisema, magoti yake yanatangulia kusema. Nilidhani ni maneno ya mchezo mpaka tulipokwenda pamoja soko la Nakasero kununua maparachichi. Mama mmoja pale alitaja bei ya kumuuzia balozi. Mimi nikaanza kubishana, maana hiyo ni kazi yangu na naipenda. Mrushaji akasimama, macho chini ya kitenge cha yule mama. Nikaona aibu, nikamkanyaga. Yule mama naye akaona.

"Ssebo, unatafuta nini huko chini?"

"Magoti, mama."

"Magoti yangu si ya kuuza!"

Soko zima likacheka. Lakini mara mama yule akabadilisha mguu, akaegemea upande mmoja, na Mrushaji akaniambia kwa sauti ya chini, "Sasa. Hapo hapo amechoka. Taja." Nikataja nusu. Mama akafunga maparachichi kwenye gazeti. Tangu siku ile kila mteja anayeingia kwangu namwangalia magoti, na sijutii.

Kazi yake ya nyuma aliisimulia vipande vipande, kama mtu anayekupa karanga moja moja. Walimchukua kijana kabisa, mtu aliyetumwa na timu za Marekani kutafuta warushaji alimwona akirusha mawe kwenye kopo. Alipanda mabasi ya timu ndogo za Marekani miaka minane, anakula mkate na siagi ya karanga, analala kiti cha nyuma. Kisha wakampandisha juu.

"Juu wapi?" nikamuuliza.

"Juu kabisa. Pale begi yako inabebwa na mtu mwingine. Chini unabeba mwenyewe. Hiyo tu ndiyo tofauti, Haji, ingine yote ni sawa."

Alikaa juu siku kumi na tisa. Siku ya ishirini alimkuta mtu wa ofisini anamsubiri karibu na kabati lake, anakula tofaa. Mtu yule hakuacha kutafuna alipomwambia anashuka. Baadaye kiwiko kilipasuka, wakakata mshipa kutoka mkono wa kushoto wakaupandikiza wa kulia. Akaenda Meksiko, akaenda Italia, akaenda Taiwani. Kila mahali mwisho ulikuwa karatasi ya kuachishwa kazi. Karatasi chini ya mlango, karatasi kwenye kiti, mara moja karatasi ndani ya kiatu. "Hakuna mahali nimemaliza," aliniambia. "Wamemaliza wao." Na kila baridi ya Marekani ilipoingia alirudi kwao kurusha mbele ya watu wa mji wake, mpaka na wao wakaanza kusema mwakani.

Mtu mwenye msimamo, basi? Ngoja. Pasipoti yake ilisema ana miaka thelathini na minane. Siku moja Hajati alimsifu kwamba hajazeeka, Mrushaji akacheka mpaka akakohoa. Alikuwa na arobaini na mmoja. Alipochukuliwa, wenye timu walitaka wa miaka kumi na sita na yeye alikuwa na kumi na tisa, kwa hiyo akatumia karatasi za ndugu yake mdogo. Alisema hivyo bila haya hata chembe.

Lakini mwanafunzi wake bora, kijana mrefu ambaye kila mtu alisema atafika mbali, alipogunduliwa anatia mate kwenye mpira ili udondoke vizuri, Mrushaji alisimamisha mchezo katikati. Alikwenda pale juu, akauchukua mpira, akaufuta kwenye suruali yake mwenyewe, akamrudisha kijana nyumbani kwa siku kumi na nne. Timu ikafungwa. Wazazi wakapiga kelele.

Nilimuuliza, "Wewe uliyeiba miaka mitatu unamfukuza mwenzio kwa mate?"

"Umri ni ya karatasi, Haji. Karatasi ni ya watu wa ofisi. Mpira si ya mtu."

Nilimwona mwendawazimu kidogo. Bado namwona hivyo, upande mmoja.

Tulijuana kwa sababu ya mipira. Mipira ya besiboli Kampala haiokotwi barabarani. Ikija, inakuja kwa msaada, na ngozi ikipasuka basi. Mrushaji alisikia kuna Haji Kibuli anashona viti vya boda, makochi na viti vya magari, akaniletea gunia la mipira iliyopasuka. Niliikagua. Ngozi vipande viwili vilivyokatwa kama nyayo za kandambili, mishono mia moja na nane ya uzi mwekundu, sindano mbili zinapishana. Kazi nzuri, lakini chafu, nilivyoona mimi. Mshono umejitokeza nje, unapapasika kama kovu la operesheni. Nilikuwa na mabaki ya ngozi nyeupe kutoka kwenye kochi la ofisi moja ya ubalozi. Nikailowesha, nikaikata, nikaishona kwa ule mshono wangu uliozama ndani ambao umenijengea nyumba. Huu ndio mshono ambao mteja anakaa juu yake miaka kumi bila kujua uzi uko wapi. Mpira wa kwanza ulitoka laini kama yai.

Mrushaji aliuchukua, akauzungusha kwenye vidole, akauzungusha tena. Uso wake ukawa kama wa mtu aliyefunua sufuria akakuta maji.

"Haji, hii mpira haina njia."

"Njia gani?"

"Ya vidole. Nashika wapi?"

"Shika popote. Huo mshono hauonekani. Watu wanatoka Jinja kuutafuta mshono huo."

"Mimi nataka ionekane."

Nilimfukuza karakanani. Kweli kabisa, nilimwonyesha mlango. Mimi mtu hanifundishi uzi. Alirudi baada ya wiki mbili, akiwa na mpira mmoja mzima wa kiwandani, akaniambia nifumbe macho. Akaweka vidole vyangu viwili juu ya mshono uliojitokeza, akanifundisha kuuvuta ukitoka mkononi. Mpira huzunguka, akasema, na huo uzi uliosimama unaukamata upepo, na upepo unaupindisha mpira. Mpigaji anaona unakuja hapa, kumbe unakwenda pale. Bila uzi uliosimama, mpira unakwenda moja kwa moja kama barua, na unapigwa. Nilifumbua macho. Miaka thelathini na zaidi nilikuwa nazika mshono, na huyu anakula kwa mshono usiozikwa. Siku ile ile nikaanza kushona mipira kama ilivyoshonwa kiwandani, kimo kile kile, nikipima kwa ukucha. Na siku ile ile akaniuliza kama nina chumba.

Sasa nifike pale penyewe.

Mwaka wa saba, timu ya mji wake ilipata msimamizi mpya. Huyo hakusema mwakani. Alisema: tutumie video, tuone bado unaupinda. Mrushaji alikuja karakanani amekaza uso kama aliyeambiwa bei ya jeneza. Nikamwambia hii ni habari njema, mbona unatembea kama unakwenda kuzika. Akasema, "Haji, nikiwa thelathini ilikuwa inapinda. Sasa inafikiria kwanza."

Nilimshonea turubai la lori lenye mfuko katikati, lining'inizwe kwenye nguzo mbili, arushe humo bila kuhitaji mdakaji. Na nikamshonea mipira mipya sita. Hapa nisimsingizie mtu. Katika kazi yangu, mteja akiwa mzito unatumia uzi mnene. Hakuna anayekwambia, unaona mwenyewe. Nilimwangalia rafiki yangu na umri wake wa kweli, nikaacha uzi wa kawaida, nikachukua ule wa viti vya boda, wa kamba tatu, nikaupaka nta, nikauinua mshono juu. Si sana. Zaidi ya ukucha. Sikumwambia.

Asubuhi tukashuka uwanja wa shule uliopo chini ya mlima. Aliyeshika simu alikuwa Otieno, Mkenya anayeuza vifaa vya simu Old Kampala, mtu wa maneno mengi. Alisimama nyuma ya turubai, simu juu ya ukingo wake, apate picha ya mpira unavyokuja. Mrushaji akauchukua mpira wa kwanza. Vidole vyake viwili vikapita juu ya mshono mara moja. Akasimama. Akanitazama mimi. Mimi nikatazama msikiti. Otieno akauliza kama aendelee kurekodi. Kisha Mrushaji akainua mguu, akarusha.

Mpira ule ulikuja unaelekea kwenye kichwa cha Otieno, na katikati ya safari ukabadili mawazo, ukaanguka kama kikombe kutoka mezani, pu, ndani ya mfuko. Otieno alikuwa tayari amelala chini.

"Mzee wangu! Hiyo mpira ina roho! Mimi nina watoto Kisumu!"

"Inuka, hujaguswa."

"Sijaguswa lakini nimeitwa!"

Alirusha mara ishirini. Mara zote mpira ulianguka hivyo. Jioni Otieno akatuma. Siku ya nne simu ikaita tukiwa uani. Mrushaji aliongea Kihispania, akakaa chini kwenye ngazi, akaendelea kuongea, akakata. "Wanataka nije," akasema. Hajati akapiga vigelegele kabla hajamaliza. Ijumaa tulipika pilau, majirani wakajaa, sheikh akaja akawekewa kiti, boda wa stendi wakala wakavimbiwa. Tiketi ilikuwa inakuja. Mimi nilitembea kifua mbele, maana moyoni nilijua ni uzi wa nani uliopanda ndege.

Lakini begi halikufungwa. Siku ya kwanza nikasema amechoka. Siku ya pili nikasema anaaga wanafunzi. Siku ya tatu alikuja karakanani, akaketi kwenye kiti cha boda ambacho kilikuwa hakijavalishwa ngozi, sponji tupu.

"Haji. Ule mshono."

"Mshono upi?"

"Usiniulize upi."

Nikaweka sindano chini. "Haya. Kwani kuna ubaya gani? Umetaka jambo hili miaka yote. Nenda. Nani atajua?"

"Mpigaji wa kwanza."

"Basi akujue. Utakuwa umesimama pale! Mbele ya watu wako! Una miaka arobaini na miwili, bwana, wewe unadhani kuna basi jingine nyuma ya hili?"

"Hapana. Hakuna."

"Kwa hiyo?"

"Kwa hiyo wameita mpira yako, Haji. Mimi hawajaniita."

Nilikasirika kuliko siku ile ya mshono usioonekana. Nilimwambia yeye ni mjinga, na kwamba mimi nimejenga nyumba juu ya kiwanja ambacho watu waliniambia niachane nacho, na kama ningekuwa na moyo mwembamba kama wake ningekuwa bado nang'oa nyuzi. Alinisikiliza mpaka mwisho. Akasema asante. Hasira yangu ikazidi.

Kesho yake akamwamsha Otieno. Nilisema siendi, nikaenda. Safari hii alitumia mipira ya kiwandani, mitatu, aliyokuwa ameitunza kwenye soksi. Otieno alijilaza chini mapema, kwa usalama, lakini hakukuwa na haja. Mpira ulipinda, siwezi kusema haukupinda. Ulipinda kama mtu anayekusalimia bila kusimama. Alirusha mara ishirini, hakuacha hata moja isitumwe, na mwishoni akasogea karibu na simu akaongea kwa lugha yao. Nilimuuliza amesema nini. "Nimesema ile ya kwanza mshono ilikuwa juu. Nimesema hii ndiyo mimi."

Walijibu baada ya siku tisa. Walimshukuru. Walisema nafasi amepewa kijana mwingine. Hawakusema mwakani.

Mwezi mzima nyumba ilikuwa na mtu anayetembea kama amevaa viatu vya mwingine. Mimi na yeye tulisalimiana tu, kulia kifuani, kichwa chini. Sikuomba radhi. Sikujua naomba kwa lipi, kwa kuunyanyua uzi au kwa kumwambia aende. Kisha shule moja nje ya mji, njia ya Mukono, ikampa kazi na nyumba, akahama. Hajati alilia. Mimi nilibeba kitanda.

Nilimwona tena mwaka uliofuata, na ni yeye aliyenitafuta. Alipiga simu Jumatano.

"Haji, Jumapili uko na kazi?"

"Mimi nina kazi kila siku."

"Jumapili iache. Namaliza."

"Unamaliza nini?"

"Kurusha. Kuja uone. Mimi nataka mtu ambaye anajua mshono."

Tulikwenda mimi na Hajati, na Otieno aliyejialika mwenyewe. Uwanja wa shule yao uko kando ya barabara kuu. Timu mbili za wakubwa, vijana wenye nguvu, jua kali, watu labda sitini wamekaa kwenye nyasi na miamvuli. Hakukuwa na muziki wala hotuba. Mrushaji alipanda kile kichuguu akiwa na shati jeupe lisilo na jina. Alikuwa amenenepa kidogo. Alirusha vipindi viwili kwa mpira wa kiwandani, na mimi, niliyekuja nikisema nitakaa nusu saa, niligundua nimesimama.

Wengine walikosa, wengine walipiga chini akaudaka mpira mwenyewe. Kipindi cha pili akaja kijana mmoja mpana wa mabega. Niliangalia magoti yake, nikasema moyoni, usimpe mpira wa kupigika. Akampa. Ule mpira ulipigwa ukapita juu ya vichwa vyetu, juu ya ukuta, tukausikia unagonga lami upande wa pili, na dereva mmoja akapiga honi ndefu. Watu wakageuka kumtazama Mrushaji, wamwonee huruma. Alikuwa anacheka. Alivua kofia akampungia yule kijana anayekimbia mzunguko wake, kama mtu anayempisha mgeni mlangoni. Kisha akavaa kofia, akamwita anayefuata. Huyo alipunga gongo mara tatu, akakosa mara tatu, na mpira wa tatu, naapa, ulianguka kama kikombe.

Akashuka. Hakungoja mtu amwambie. Alitembea moja kwa moja mpaka tulipo, jasho linamtiririka, akasimama mbele yangu.

"Umeona?"

"Nimeona."

"Ile moja pia umeona? Ya barabarani?"

"Hiyo hata Jinja wameiona."

Hajati alimpa maji. Akanywa chupa nzima. Nikaona kama sitasema sasa sitasema tena, na mimi si mtu wa kuzunguka.

"Ule uzi," nikasema, "niliunyanyua makusudi."

"Najua, Haji. Na mimi niliurusha makusudi."

Otieno akasema, "Na mimi nililala makusudi," akacheka peke yake, halafu na sisi tukacheka. Tukakaa kwenye nyasi mpaka mchezo ukaisha. Timu yake ilifungwa, sikumbuki kwa ngapi, hata yeye hakuuliza.

Wakati wa kuondoka nilimwambia Hajati atangulie kwenye gari, mimi nikatoka nje ya geti, nikazunguka ukuta, nikatafuta kwenye mtaro.

Leo nina nyumba ya vyumba sita Kibuli, bati jipya. Nina karakana yenye cherehani nne, mbili za umeme. Nina gari dogo la mizigo, limekwisha lipiwa. Nina ng'ombe watatu Bombo kwa shemeji. Nimekwenda Makka mara moja, kwa hela yangu. Nina mke mmoja na meno ishirini na tisa. Nina mpira mmoja wa besiboli, wa kiwandani, umechubuka upande mmoja na lami, mshono mzima.